Nani Aliyesema Hii Si Kazi?

Swali hili hunifikia kwa sura mbili. Sura ya kwanza ni ya mama wa nyumbani. Miaka ishirini ameamka saa kumi na moja alfajiri, amepika, amefua, amelea, amemuuguza mama mkwe mpaka siku ya kuzikwa. Halafu anapita na trei ya chai sebuleni na kumsikia mumewe akimwambia mgeni, "Huyu hafanyi kazi, yupo tu nyumbani."

Sura ya pili ni ya mlinzi wa getini. Huyu hawezi kuambiwa hana kazi. Ana mkataba, ana sare, ana mshahara mwisho wa mwezi, ingawa mwisho wa mwezi wenyewe huwa tarehe kumi. Kinachomuuma ni kingine. "Wanapiga honi, nafungua, wanapita," aliniambia mmoja. "Kioo hakishuki. Mwaka wa sita huu, salamu yangu ni honi."

Mmoja anafanya kazi isiyoitwa kazi. Mwingine kazi yake ina jina, lakini mwenyewe haonekani. Wote wawili huuliza: shida yetu ni fedha au ni heshima? Ukiwaambia ni fedha, wanahisi umewapunja jibu. Ukiwaambia ni heshima, wanaona unawachezea, maana heshima hailipi ada ya mtoto.

Mjerumani mmoja, Axel Honneth, amekaa na swali hili zaidi ya miaka thelathini. Vitabu vyake ni vigumu, na sitamshauri mtu avisome kitandani. Lakini jambo analolisema linaweza kuelezwa kwa lugha ya kawaida, na likieleweka, mama wa nyumbani na mlinzi wanajikuta wamekaa benchi moja.

Mtoto wa mji wa makaa ya mawe

Honneth alizaliwa mwaka 1949 mjini Essen, katika bonde la mto Ruhr. Enzi hizo ukisema Ruhr umesema makaa ya mawe na chuma: migodi chini, tanuri juu, moshi angani. Baba yake alikuwa daktari. Kwa hiyo alikulia katika nyumba ya wasomi ndani ya mji wa wachimbaji, mahali ambapo mtoto hahitaji kitabu ili aone kuwa watu hawathaminiwi sawa. Mgodi mkubwa wa mwisho wa Essen, Zollverein, ulifungwa mwaka 1986. Leo ni urithi wa dunia, na watalii hulipa kiingilio kuona mahali ambapo wenzao walikuwa wakikohoa vumbi.

Mwaka 1996 alishika kiti cha falsafa katika Chuo Kikuu cha Frankfurt kilichoachwa na Jürgen Habermas, na kuanzia 2001 hadi 2018 aliongoza Taasisi ya Utafiti wa Jamii ya mjini humo. Taasisi hiyo ilianzishwa mwaka 1923, ikafungwa na Wanazi walipotwaa madaraka mwaka 1933, ikafufuliwa baada ya vita. Desturi yake ni kwamba mwanafalsafa hatakiwi kuishia kuuliza ukweli ni nini. Aulize pia nani anaumia, na kwa nini maumivu hayo yanaonekana ya kawaida.

Kitabu kilichompa jina kilitoka mwaka 1992. Kwa Kiswahili kingeitwa *Mapambano ya Kutambuliwa*. Hoja yake kuu ni hii: watu hawaingii katika mapambano kwa njaa peke yake. Huingia pia pale wanapohisi wamedharauliwa kwa namna ambayo jamii yenyewe ilikwisha kuahidi kwamba haitawadharau.

Kitambulisho na kutambuliwa

Hapa Kiswahili kinatusaidia, na papo hapo kinatutega. Tunasema shahidi amemtambua mtuhumiwa kwenye gwaride la polisi. Tunasema pia mume amemtambua mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa. Neno ni moja, mambo ni mawili. Shahidi anasema tu kwamba anamjua mtu huyu ni nani. Yule mume anajifunga: huyu ni wangu, anastahili jina langu, atakula nyumbani kwangu, atarithi. Maana hii ya pili ndiyo ya Honneth. Kumtambua mtu ni kukubali kwamba ana dai juu yako, kisha kuenenda hivyo.

Wazee wa Tanga wanaijua tofauti hii bila kufundishwa na Mjerumani. Mkonge uliletwa na Mjerumani, Richard Hindorf, mwaka 1893, na mashamba yalipopanuka wakatafutwa vibarua kutoka mbali: Kigoma, Songea, Njombe, Burundi, Rwanda, Msumbiji. Waliitwa manamba, jina lililotokana na namba walizopewa wakati wa kuandikishwa. Kila mmoja alikuwa na kadi ya kazi iliyoitwa kipande, na malipo yalisubiri kipande kijae siku 30. Mwajiri aliweza kumtofautisha kibarua mmoja na mwingine bila kukosea hata mara moja. Kitambulisho kilikuwepo. Kutambuliwa hakukuwepo.

Katika insha yake kuhusu kutoonekana, Honneth anakumbusha kwamba mabwana wa zamani wa Ulaya waliweza kuvua nguo mbele ya watumishi wao bila aibu yoyote. Macho yao yalikuwa mazima. Walimwona mtumishi, wakamtuma maji, wakampa shuka achukue. Kwa hesabu zao hakuwa mtu wa kuonewa haya. Huko ndiko kutoonekana anakokusudia: mtu yupo mbele yako, na wewe unaenenda kana kwamba hakuna macho yanayokutazama. Kioo cha gari kisichoshuka getini ni jamaa wa karibu wa yule bwana aliyevua nguo.

Wazo lenyewe Honneth hakulianza. Amelitoa kwa Hegel, mwanafalsafa aliyefundisha katika mji wa Jena mwanzoni mwa karne ya 19. Katika kitabu chake cha mwaka 1807 Hegel ana kisa mashuhuri cha bwana na mtumwa. Bwana anataka atambuliwe kuwa bwana. Amempata mtumwa, mtumwa anainama. Lakini kuinama kwa mtu ambaye wewe mwenyewe humhesabu kuwa mtu kuna thamani gani? Ni kama kusifiwa na kasuku uliyemfundisha. Bwana anabaki na njaa yake ya heshima, wakati mtumwa anayelima na kujenga walau anajiona ndani ya kitu alichokitengeneza.

Watu wengi huishia kwenye kisa hicho. Honneth alirudi nyuma zaidi, kwenye maandiko ya Hegel ya miaka michache kabla ya 1807, ambako mambo ni ya kawaida zaidi: familia, mikataba, mchango wa mtu katika jamii. Akayasoma pamoja na kazi za George Herbert Mead, Mmarekani wa Chicago, aliyeeleza kwamba mtoto hujijua kwanza kupitia macho ya wengine. Huanza kujiona jinsi mama anavyomwona, halafu wenzake wa mchezo, halafu kijiji kizima.

Njia tatu, majeraha matatu

Kutokana na hao wawili Honneth anasema binadamu hutambuliwa kwa njia tatu, na kila njia humpa kitu ambacho hawezi kujipa peke yake.

- *Upendo.* Nyumbani, kwa wazazi, wenza na marafiki. Humpa mtu kujiamini: mahitaji yangu ni ya kweli, nikilia kuna atakayesikia. Jeraha lake ni ukatili wa mwili, kipigo na ubakaji.
- *Haki.* Mbele ya sheria. Humpa mtu kujiheshimu: naweza kudai na si kuomba tu. Jeraha lake ni kunyimwa haki ambazo wengine wanazo.
- *Thamani ya mchango.* Katika kazi na maisha ya jamii. Humpa mtu kujithamini: ninachokifanya kina maana kwa wengine. Jeraha lake ni kubezwa, kuambiwa kwamba unayoyafanya si lolote.

Mfano wa majeraha yakikutana ni Memphis, Marekani, mwaka 1968. Mwanzoni mwa Februari wazoa taka wawili walisagwa na mashine ya gari lao wenyewe. Siku chache baadaye wazoa taka wapatao 1,300, karibu wote weusi, wakagoma. Walidai mshahara, usalama na chama cha wafanyakazi. Lakini bango waliloandamana nalo halikutaja dola hata moja. Lilisema: mimi ni mwanamume. Katika miji ile mtu mweusi mwenye wajukuu aliitwa mvulana na kijana wa kizungu anayeweza kuwa mjukuu wake. Msomaji wa Nairobi au Dar es Salaam hahitaji maelezo marefu hapa. Babu zetu waliopika na kufua kwa wakoloni waliitwa kwa neno hilohilo la Kiingereza, likaingia Kiswahili likawa boi, na boi angeweza kuwa na mvi.

Sasa nitoke kidogo kwenye vitabu vya Honneth, niingie jikoni kwetu.

Binti anayesaidia kazi za ndani tunamwita dada. Dada wa kazi. Watoto wanamwita dada, baba mwenye nyumba anamwita dada, hata bibi aliyekuja kutoka kijijini anamwita dada. Ni neno la upendo, na sina shaka kwamba mara nyingi linasemwa kwa nia njema. Muulize mwenye nyumba kuhusu mkataba. "Ah, huyu tunaishi naye kama ndugu." Muulize kuhusu likizo. "Kwani ana haraka ya kwenda wapi, hapa si kwao?" Muulize kuhusu mshahara wa miezi mitatu ambao "anawekewa". Neno ndugu linajibu kila kitu. Ndugu hapewi mkataba. Ndugu hahesabiwi saa. Ndugu hadai.

Lakini siku kikombe cha seti kikivunjika, undugu hukatika ghafla na gharama hukatwa kwenye mshahara. Kwa lugha ya Honneth, njia ya kwanza imetumika kuziba njia ya pili: lugha ya upendo imewekwa mahali pa haki, ikamnyima binti hata neno la kudai. Nadhani hili ni jambo ambalo sisi watu wa Kiswahili, kwa utajiri wetu wa majina ya undugu, tunalifanya kwa ustadi kuliko Wajerumani.

Tarehe 16 Juni 2011 mjini Geneva, Shirika la Kazi Duniani lilipitisha Mkataba namba 189 kuhusu wafanyakazi wa nyumbani. Unataja mambo madogo sana kwa kuyatazama: mapumziko ya saa 24 mfululizo kila wiki, na haki ya mfanyakazi kukaa na pasipoti na vitambulisho vyake mwenyewe. Waliowahi kufanya kazi za ndani katika nchi za Ghuba wanajua kwa nini sentensi hiyo ya pasipoti ilibidi iandikwe.

*Kwa ufupi:* kutambuliwa si kitu kimoja. Mtu anaweza kupendwa na asiwe na haki. Anaweza kuwa na haki zote na kazi yake ikabezwa. Njia moja ikijaa haifidii nyingine, na wakati mwingine hutumika kuificha.

Mizani ilitengenezwa na nani?

Njia ya tatu ndiyo yenye mgogoro mkubwa, kwa sababu inategemea tafsiri. Jamii nyingi za leo zinasema mtu apate kwa kadiri ya anachochangia. Sisi tuna methali ya mchumia juani. Katiba ya Tanzania, ibara ya 23, inampa kila mtu haki ya ujira unaolingana na kazi yake. Nani atapinga? Lakini kabla hujapima mchango lazima uamue kipi kinahesabiwa kuwa mchango, na uamuzi huo haumo ndani ya kazi yenyewe kama uzito ulivyomo ndani ya gunia la mahindi.

Honneth anasema kipimo kilichotumika Ulaya kilitengenezwa na wanaume wa tabaka la wenye mali: mfanyabiashara, mwenye kiwanda, wakili. Waliangalia shughuli zao, wakaziita kazi. Kulea mtoto, kumgeuza mgonjwa kitandani, kuosha na kupika, hayo yakaitwa maumbile ya mwanamke. Na maumbile hayalipwi. Hakuna anayeilipa mvua kwa kunyesha. Katika Ujerumani Magharibi, mpaka Juni 1977, sheria ilimkabidhi mke nyumba na kumruhusu kuajiriwa nje kwa kadiri tu isivyogongana na wajibu wake wa ndoa na familia. Tafsiri ilikuwa imeandikwa katika sheria za nchi.

Sisi tulikuwa na darasa letu wenyewe, na kwa maoni yangu ni zuri kuliko mifano mingi ya vitabuni. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971, kifungu cha 114, inaipa mahakama uwezo wa kugawa mali iliyochumwa kwa juhudi za pamoja ndoa inapovunjika. Inasema iangaliwe michango ya kila upande kwa fedha, kwa mali au kwa kazi. Neno ni kazi. Sasa kazi ni nini? Majaji wakagawanyika. Wako waliosema mke aliyepika na kulea ametimiza wajibu wa mke tu; hakununua tofali. Wako waliosema bila yeye tofali lisingenunuliwa.

Shauri lililofika Mahakama ya Rufani mwaka 1983, ambalo kila mwanafunzi wa sheria analijua kwa jina la kesi ya Bi Hawa, ndilo lililokata mzizi wa mgawanyiko huo. Aliyeandika hukumu ni Jaji Mkuu Francis Nyalali. Mahakama ilisema ustawi wa familia ni sehemu ya shughuli za uchumi za mume na mke, kwa hiyo kazi za nyumbani ni mchango katika kuchuma mali. Sheria haikubadilishwa hata nukta. Bunge halikukaa. Kilichobadilika ni tafsiri ya neno moja, na nyuma ya neno hilo walisimama wanawake wa nchi nzima.

Na Bi Hawa mwenyewe? Hakupata kitu. Mahakama iliona kwamba fedha alizokuwa amepewa na mumewe kwa ajili ya mradi wa familia hakuzitumia ilivyokusudiwa, ikahesabu kwamba fungu lake limekwisha kupita mikononi mwake. Rufaa ikatupwa. Aliwafungulia wenzake mlango, yeye akabaki nje. Nimewahi kuwasimulia wanawake wa kikundi kimoja cha vikoba kisa hiki, na walicheka kwanza, kisha wakanyamaza.

Honneth ana jina la nguvu iliyofanya kazi katika hukumu kama ile. Naweza kuiita *ziada ya ahadi*. Kanuni kubwa za jamii, kama usawa au malipo kwa mchango, huahidi zaidi ya kile kinachotekelezwa. Waliotunga hawakuwa wakimfikiria kila mtu, lakini maneno waliyotumia yanamgusa kila mtu. Waliopunjwa huja baadaye, wakayashika maneno hayohayo na kuuliza: mlisema kazi, na hii je? Hawahitaji kuleta kanuni ngeni. Wanadai ile iliyopo isomwe mpaka mwisho.

Kama bado unaamini kwamba mshahara hupima uzito wa kazi, angalia Amri ya Mishahara ya Tanzania ya mwaka 2013. Mfanyakazi wa ndani aliyeajiriwa na mwanadiplomasia au mfanyabiashara mkubwa aliwekewa kima cha chini cha shilingi 150,000 kwa mwezi. Yule wa kundi la mwisho, anayelala kwa mwajiri wa kawaida, aliwekewa 40,000. Sakafu ni ileile, ndoo ileile, goti lilelile. Kilichopimwa hapo ni mfuko wa mwajiri. Naelewa sababu za kiutawala: pengine serikali haikutaka kuweka kiwango ambacho mwalimu wa shule ya msingi asingeweza kumlipa msaidizi wake. Lakini basi tusiseme kwamba bei ni ya kazi.

Makofi hayaliwi

Mwezi Machi 2020, korona ilipoifunga Ulaya, watu wa miji ya Ujerumani walitoka kwenye roshani zao saa tatu usiku wakawapigia makofi wauguzi. Wafanyakazi wa madukani na wazoa taka wakaambiwa, ghafla, kwamba nchi haiwezi kwenda bila wao. Mwaka uliotangulia hakuna aliyekuwa akiwataja. Wauguzi wa wazee wakapewa bonasi ya mara moja, na wengi wakarudi kwenye zamu zilezile zenye watu pungufu.

Je, wale walitambuliwa? Honneth alikuwa ameuliza swali la namna hii mapema, katika insha ya mwaka 2004 kuhusu kutambuliwa kunakotumika kama hila. Sifa zinaweza kuwa kamba. Mtumwa aliyesifiwa kwa utii, mke aliyesifiwa kwa kujitoa mhanga, askari aliyesifiwa kwa kufa: kila mmoja alijithamini kwa dhati kupitia sifa hizo, na kila mmoja alibaki mahali alipowekwa. Siku hizi kuna sifa mpya kazini. Mfanyakazi anaambiwa yeye ni mjasiriamali, ajitume kama mwenye kampuni. Hisa hapewi.

Kipimo chake ni rahisi, na nimekiona kinafaa hata kwenye vikao vya wazazi shuleni. Sifa ya kweli huja na mabadiliko ya vitu: kanuni, muda, fedha, nani anasikilizwa, nani anakaa wapi. Ikibaki mdomoni, au kwenye cheti cha mfanyakazi bora wa mwezi kilichotundikwa karibu na mashine ya maji, inatufundisha kuipenda nafasi tuliyopangiwa.

Mkonge haukutukanwa

Nisimpe Honneth ushindi wa bure. Mwanafalsafa wa Kimarekani Nancy Fraser alibishana naye katika kitabu walichokitoa pamoja mwaka 2003. Fraser anasema: chukua fundi stadi, mweupe, mwanaume, anayeheshimiwa na kila mtu. Kiwanda chake kinafungwa kwa sababu kampuni mbili zimeungana na wenye hisa wanatafuta faida. Nani amemdharau? Hakuna. Amepoteza mkate kwa hesabu zilizofanywa mahali asipojulikana.

Turudi Tanga. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Tanganyika iliongoza dunia kwa mkonge. Halafu zikaja kamba za plastiki, bei ikaanguka, mashamba yakaota magugu. Wakati huohuo nchi huru ilikuwa ikimwita mfanyakazi mjenga taifa, na hakuna aliyethubutu tena kumwita namba. Yaani heshima ilipanda huku ajira ikishuka. Hapo namwona Fraser ana haki. Soko halina dharau, halikujui tu.

Honneth hujibu kwamba hata soko linasimama juu ya tafsiri: sheria gani za kazi zipo, nani analindwa bei ikianguka, hasara ya nani inaitwa msiba wa taifa na ya nani inaitwa bahati mbaya. Jibu hili linamfikisha mbali, lakini halimfikishi hadi kwenye kamba ya plastiki.

Mwenye enzi mwenye usingizi

Mwaka 2023 Honneth alitoa kitabu ambacho jina lake naweza kulitafsiri *Mwenye Enzi Afanyaye Kazi*. Mwenye enzi ni raia. Katiba ya Tanzania, ibara ya 8, inasema wananchi ndio msingi wa mamlaka yote. Ya Kenya inaanza na jambo hilohilo katika ibara ya kwanza kabisa. Sasa, mwenye mamlaka yote huyu anashinda wapi kuanzia Jumatatu hadi Jumamosi? Kazini, akipokea amri. Wanafalsafa wa demokrasia, anasema Honneth, wameandika mengi kuhusu bunge, kura na magazeti, wakasahau kwamba mpiga kura huja kituoni na mwili uliochoka kwa kazi, au hafiki kabisa.

Anataja mambo matano ambayo kazi inapaswa kumwachia mtu ili aweze kuwa raia kweli:

- pato la kutosha asiwe mateka wa hisani ya mtu;
- muda unaobaki baada ya kazi, na nguvu ya kuutumia;
- imani kwamba neno lake lina uzito, kitu ambacho hakiji kwa anayekaripiwa kutwa;
- mazoea ya kushauriana na wenzake, maana asiyewahi kuulizwa chochote kazini hajifunzi kujadiliana uraiani;
- kazi isiyoua akili kwa kurudia kitendo kimoja maisha yote.

Hakubaliani na wanaosema dawa ni kumpa kila raia fedha za kujikimu bila masharti ya kazi. Kwake, fedha hizo zinaweza kumtoa mtu kwenye dhiki, lakini zinamwacha peke yake chumbani, mbali na mahali ambapo watu wasiochaguana hulazimika kufanya jambo pamoja. Mimi nina wasiwasi na jibu hilo. Limeandikwa na mtu wa nchi yenye ajira za mikataba. Kwetu wengi wanajiajiri wenyewe kandokando ya barabara, na mkutano wao na wenzao ni wa kugombania kivuli. Lakini katika lile la muda sina ubishi naye hata kidogo.

Baada ya uchaguzi wa Oktoba 2015 nilikuwa mgeni katika nyumba moja Dar es Salaam. Mezani ilizungumzwa Jumapili ile ya kura, nani kashinda wapi, na mwenyeji wangu alikuwa akionyesha kidole chake kilichobaki na alama ya wino. Dada wa kazi alikuja kukusanya sahani. Nikamuuliza kama naye alipiga kura. Alitazama kwanza upande wa mama mwenye nyumba, kisha akanitazama mimi.

"Kadi ninayo," alisema. "Ipo kwenye begi. Siku ile walikuja wageni."

Akainua sahani zangu juu ya zile nyingine, akarudi jikoni.